Kuriseti roboti ya usafi: njia nne, na ipi uichague

Roboti ya kufagia ikigoma, wengi hukimbilia kuiriseti bila kujiuliza itafuta nini. Vitabu vya maelekezo vinachangia, kwa sababu neno hilohilo hutumika kwa kazi nne zisizofanana: kuizima na kuiwasha upya, kuisahaulisha Wi-Fi, kufuta ramani ya nyumba, na kuirudisha kama ilivyotoka kiwandani. Ya kwanza haifuti kitu. Ya mwisho inafuta kila kitu, na ukishaifanya unaanza upya kuiunganisha, kuitembeza nyumba nzima, kugawa vyumba na kuweka mipaka.

Anza na njia inayofuta kidogo, na usiende kwenye inayofuta zaidi mpaka inayofuta kidogo ishindwe.

| Njia | Kinachofutika | Kinachobaki | Inafaa lini |
|---|---|---|---|
| Kuzima na kuwasha upya | Hakuna | Wi-Fi, ratiba, ramani | Imeganda, haiitikii kitufe, au inaonyesha kosa ulilokwisha kuliondoa |
| Kufuta Wi-Fi | Jina la mtandao na nenosiri | Kwa kawaida ramani. Ratiba hutegemea aina | Umebadilisha ruta au nenosiri |
| Kufuta ramani | Vyumba, majina yake, maeneo yaliyokatazwa | Wi-Fi | Umehama, au nyumba imebadilika sana |
| Kurudisha hali ya kiwandani | Vyote hivyo | Hakuna ulichokiweka wewe | Unauza au unagawa, au programu yake ya ndani imeharibika |

Kwanza hakikisha tatizo ni la kurisetiwa

Kuriseti kunatibu programu. Vumbi halimo humo, na Dar es Salaam vumbi ndilo la kulishuku kwanza. Kwenye mitaa ya barabara za udongo kama Goba au Kivule, vumbi laini hupita kwenye nyavu za madirisha na kutua juu ya sensa za chini, zile zinazoizuia roboti isidondoke kwenye ngazi. Sensa zikifunikwa, roboti inajiona iko ukingoni: inarudi nyuma, inajizungusha, inasimama na kutoa kosa. Hata uiriseti mara kumi, sensa zitabaki chafu.

Izime, igeuze juu chini ukiwa umetandika taulo, tafuta vidirisha vidogo vyeusi kwenye ukingo wa chini. Roboti nyingi zina vinne hadi sita. Vifute kwa pamba au kitambaa laini kikavu, bila maji wala sabuni. Gonga bampa ya mbele taratibu upande wa kulia na wa kushoto. Inapaswa kubonyea na kurudi yenyewe. Punje ya mchanga ikiingia nyuma yake, bampa hubaki imebonyea na roboti hudhani imegonga ukuta muda wote.

Marumaru nyeusi na mazulia meusi huleta dalili zilezile hata sensa zikiwa safi, kwa kuwa rangi hiyo hairudishi mwanga wa sensa ipasavyo. Usizibandike sensa karatasi kama baadhi ya watu wanavyoelekezana, maana siku roboti ikikutana na ngazi hakuna kitakachoizuia. Eneo hilo lifagiwe kwa mkono.

Kisha brashi. Chandarua kinachoburuta chini ya kitanda, matamvua ya zulia na nyuzi za kanga hujisokota kwenye ncha mbili za brashi kuu, pale inapoingia kwenye beringi, mahali usipopaona mpaka uitoe. Kata kwa mkasi, vuta, rudisha. Tairi dogo la mbele kwenye aina nyingi huchomoka kwa kulivuta kwa nguvu. Toa nywele zilizokaa kwenye ekseli yake.

Kwa nyumba za karibu na bahari, Msasani, Mbezi Beach au Kigamboni, hewa yenye chumvi huacha utando kwenye vibati vya chaji. Roboti inakaa kwenye kituo chake usiku kucha na asubuhi haina nguvu. Chomoa kituo ukutani, futa vibati vyake na vya roboti kwa pamba yenye spiriti kidogo, acha vikauke kabla ya kuchomeka. Angalizo kwa fundi mwenye mita: vituo vingi vya kisasa havitoi volti kamili kwenye vibati mpaka vihisi roboti imekaa juu yake. Ukipima kituo kikiwa kitupu ukakuta karibu sifuri, usiseme kimekufa.

Ukishasafisha yote hayo, izime na kuiwasha mara moja. Kosa lilelile likirudi ndani ya dakika chache, mara nyingi tatizo liko kwenye kifaa: mota, sensa, betri au waya. Hapo njia tatu zilizobaki kwenye jedwali hazitakusaidia.

Kuzima na kuwasha upya

Hii ndiyo ya kujaribu siku zote, kwa sababu haina hasara. Roomba (roboti za kampuni ya iRobot) za mfululizo wa i na s: shikilia kitufe cha CLEAN kwa sekunde 20 mpaka mwanga mweupe wa duara uanze kuzunguka, kisha achia. Ipe dakika moja na nusu iamke kabisa kabla ya kugusa kitu kingine. Wasio na subira hubonyeza tena katikati na kudhani haikukubali.

Roboti zenye swichi kuu ya pembeni au ya chini ni rahisi zaidi: zima, hesabu nusu dakika, washa. Zenye kitufe cha kuwasha tu hushikiliwa sekunde kadhaa mpaka taa zizimike au isikike sauti.

Makosa mawili hujirudia hapa. Moja ni kujaribu kuizima ikiwa juu ya kituo. Aina nyingi hukataa kuzimika zikiwa kwenye chaji, kwa hiyo ishushe kwanza. La pili ni kuchomoa kituo ukutani ukadhani umezima roboti. Roboti ina betri yake, na programu yake inaendelea kufanya kazi kama kawaida.

Kukatika kwa umeme kusikupeleke kwenye kuriseti. Umeme ukirudi, kituo kinajiwasha chenyewe. Kama umekichomeka kwenye kilinzi cha umeme kama kile cha friji, jambo linaloshauriwa sana hapa mjini, kilinzi hicho huchelewesha umeme kwa dakika chache kwa makusudi. Taa ya kituo kuwa imezimika wakati huo si hitilafu.

Umeme ukikaa siku mbili bila kuwepo, au LUKU ikiisha mkiwa safarini, betri inaweza kushuka mpaka roboti isiitikie kitufe chochote. Iweke kwenye chaji na iache hapo saa kadhaa. Roomba za zamani zenye betri ya NiMH zinaweza kuhitaji hadi saa 16 kabla hazijarudi kwenye hali yake. Kushikilia vitufe kwenye roboti isiyo na nguvu hakufanyi kitu.

Kufuta Wi-Fi: mara nyingi unaweza kuiepuka

Programu ya simu ikisema roboti haipo mtandaoni, jambo la kwanza kujua ni kwamba roboti haihitaji intaneti ili ifagie. Bonyeza kitufe chake cha kuanza, itafanya kazi. Kwa aina nyingi hata ratiba iliyokwisha kuhifadhiwa ndani yake huendelea. Bando likiisha, acha roboti ilivyo. Ukishanunua jingine itajiunga yenyewe.

Vivyo hivyo ukibadilisha laini ndani ya ruta ileile, ukatoa ya mtandao huu ukaweka ya ule. Jina la Wi-Fi na nenosiri ni vya ruta, si vya laini. Usipovigusa, roboti haitajua kwamba kuna kilichobadilika.

Ukinunua ruta mpya, ipe jina lilelile na nenosiri lilelile la ruta ya zamani, herufi kwa herufi, kubwa na ndogo, na uache usalama wake kwenye WPA2, aina ya ulinzi wa Wi-Fi. Roboti, televisheni na vifaa vingine vyote vitaungana bila kugusa kitufe hata kimoja. Ni kazi ya dakika tano kwenye ukurasa wa mipangilio ya ruta, na inakuondolea taabu kubwa kuliko watu wanavyofikiri.

Pale isipowezekana ndipo unafuta Wi-Fi. Kwenye roboti ya kwanza ya Xiaomi yenye vitufe viwili, unavishikilia vyote viwili, cha kuwasha na cha kurudi nyumbani, mpaka isikike sauti ya kutangaza kwamba Wi-Fi inafutwa. Aina nyingine hutumia jozi nyingine ya vitufe au kitufe kidogo kilichojificha chini ya kifuniko. Soma kitabu cha aina yako, maana zipo roboti ambazo kitufe kimoja hufanya kazi mbili: ukikibonyeza kidogo kinafuta Wi-Fi, ukikishikilia kinafuta kila kitu.

Kuunganisha upya hukwama kwa sababu chache zinazojulikana. Roboti nyingi hutumia masafa ya 2.4 GHz pekee, wakati ruta nyingi mpya hurusha 2.4 na 5 kwa jina moja. Ingia kwenye ruta, tenganisha majina, au zima 5 kwa muda wa kuunganisha kisha uiwashe tena. Simu nayo huleta shida: katikati ya kuunganisha, simu hujishika kwenye Wi-Fi ya roboti yenyewe, ambayo haina intaneti. Ikiona hakuna intaneti, simu huihama na kurudi kwenye data. Zima data ya simu mpaka umalize, na kwenye Android ruhusu programu itumie mahali ulipo, la sivyo haitaiona roboti. Wi-Fi za nyumba za kupanga zinazofungua ukurasa wa kuingiza namba ya chumba au vocha hazifai, kwani roboti haina skrini ya kujaza ukurasa huo.

Kwa roboti zilizoletwa kutoka China, na Kariakoo zipo, kuna kizingiti kingine. Mi Home, programu ya simu ya Xiaomi, hukutaka uchague nchi, na roboti iliyotengenezwa kwa soko la China haionekani kwenye orodha mpaka uchague China Bara. Mtu akichagua Tanzania au Ulaya anaona roboti inakataa kuungana, anafuta Wi-Fi tena na tena, kisha anapanda hadi kufuta kila kitu. Roboti yenyewe ni nzima. Badilisha eneo kwenye programu kisha jaribu tena.

Kufuta ramani

Hapa tunazungumzia roboti zenye kuchora ramani kwa leza au kamera. Za bei ya chini zinazozunguka ovyo hazina cha kufuta.

Kuhamisha sofa na kabati hakuhitaji kufuta ramani. Roboti huisahihisha yenyewe kadiri inavyofagia. Kinachoivuruga zaidi ni kuhamisha kituo cha chaji, au mtu kuibeba katikati ya kazi na kuitua chumba kingine. Ikianza kuchora sebule imelalia upande juu ya chumba cha kulala, irudishe kwenye kituo, kituo kikiwa mahali pake pa zamani, izime na kuiwasha, kisha ianze kazi kutoka hapo. Futa na kofia ya leza iliyo juu kwa kitambaa kikavu, uhakikishe inazunguka bila kusuguana. Vioo virefu vya ukutani na milango ya kioo ya balkoni huidanganya leza ikachora chumba kisichokuwepo. Weka ukuta wa kuzuia kwenye programu badala ya kufuta ramani yote.

Ufute pale unapohama, tuseme kutoka Sinza kwenda Mbweni, au ukuta ukivunjwa. Kabla ya hapo tazama kama programu yako ina nafasi ya kuhifadhi nakala ya ramani. Baada ya kufuta, fungua milango yote, ondoa viatu na nyaya sakafuni, na uiache imalize mzunguko wake wa kwanza bila kuibeba. Roboti za leza huchora nyumba ya kawaida kwa mzunguko mmoja. Roomba za kamera huweza kuhitaji mizunguko miwili au mitatu kabla ya kukuruhusu kugawa vyumba.

Kwa nyumba ya ghorofa, ongeza ramani ya pili kama programu inaruhusu. Kufuta na kuchora upya kila unapoipandisha juu ni kuichosha betri bure.

Kurudisha hali ya kiwandani

Sababu nzuri za kufanya hivi ni mbili tu: roboti inaondoka mikononi mwako, au programu yake ya ndani imeharibika. Dalili ya kuharibika ni roboti inayojizima na kujiwasha bila kukoma, au inayokwama mahali palepale baada ya kusasishwa, wakati sensa ni safi na betri imejaa.

Roomba za mfululizo wa i na s: shikilia kwa pamoja vitufe vyote vitatu, cha nyumbani, cha kusafisha doa na CLEAN, mpaka mwanga mweupe uzunguke, kisha achia. Ona jinsi ilivyo karibu na kuizima na kuiwasha: kitufe cha CLEAN peke yake hakifuti kitu, vitatu kwa pamoja vinafuta vyote, na mwanga unaoonekana ni uleule. Kidole kikigusa kisipotakiwa, ramani imekwenda.

Roboti ya kwanza ya Xiaomi na Roborock S5 zina kitufe kidogo chini ya kifuniko, kando ya taa ya Wi-Fi. Kukibonyeza peke yake kunariseti mfumo na kuondoa Wi-Fi na ratiba. Ukishikilia kitufe cha nyumbani huku ukibonyeza hicho kidogo, inarudisha programu ya awali kabisa, ile iliyotoka nayo kiwandani. Baada ya hapo utalazimika kusasisha programu upya, na roboti ya soko la China huweza kurudi kuzungumza Kichina mpaka uweke sauti nyingine.

Fanya kazi hii betri ikiwa imezidi nusu, na usiiguse mpaka itangaze imemaliza au taa zitulie. Kuikatiza katikati ndiko kunakozaa roboti isiyowaka tena.

Kama unauza, kuriseti peke yake hakutoshi. Ingia kwenye programu ya simu na uiondoe roboti kwenye akaunti yako wakati bado iko mtandaoni, ndipo uishushe hali ya kiwandani. Ukigeuza mfuatano huo, ramani ya nyumba yako inaweza kubaki kwenye akaunti, na kwa baadhi ya aina mnunuzi ataambiwa roboti hiyo ina mwenyewe. Anayenunua iliyotumika naye aombe kuona jambo hilo likifanyika mbele yake, kisha asome maandishi ya nyuma ya kituo: yaandike 100–240V. Kituo cha Marekani kilichoandikwa 120V pekee kitaungua kikichomekwa kwenye soketi ya hapa yenye volti 230.

Maelekezo ya kubandika ukutani

Nyumba nyingi mtumiaji mkuu wa roboti ni dada wa kazi au bibi, na mwenye programu kwenye simu yuko kazini Posta. Maelekezo ya kitabuni hayawafai, kwa sababu husema jina la kitendo bila kusema kitakachopotea. Linganisha.

Kitabuni: «Anzisha upya kifaa.»
Ukutani: «Dada, roboti ikiganda, itoe kwenye chaji, shikilia kitufe kikubwa cha katikati mpaka taa nyeupe izunguke, achia, subiri dakika mbili. Haifuti kitu, usiogope.»

Kitabuni: «Weka upya mtandao.»
Ukutani: «Simu ikisema roboti haionekani, usiguse roboti. Zima ruta kwenye soketi, hesabu mpaka thelathini, washa, subiri dakika tano. Ikishindikana, nipigie.»

Kitabuni: «Rejesha kifaa katika hali ya awali.»
Ukutani: «Usishikilie vitufe vitatu kwa pamoja. Vinafuta nyumba yote.»

Kila sentensi itaje kitufe kwa mahali kilipo na umbo lake, maana alama ya nyumba au ya duara si kila mtu anaitambua. Itaje ishara ya kuachia, taa au sauti, badala ya sekunde peke yake. «Bonyeza» itumike pale kidole kinapogusa na kutoka, «shikilia» pale kinapobaki. Kwenye roboti hizi tofauti hiyo ndiyo inayoamua kama ramani inabaki au inakwenda. Karatasi ibandikwe juu ya kituo kwa gundi ya karatasi, usawa wa macho, mbali na maji ya kupiga deki.